Aliyecheka Kisimani

Wageni walicheka wote kwa pamoja, wakanyamaza wote kwa pamoja, kisha mtu mmoja zaidi akacheka.

Kicheko hicho cha mwisho kilitoka chini. Kilikuwa kifupi, kama cha mtu anayejaribu jambo asilolizoea. Mwongoza watalii, mama wa watoto wawili ambaye mtaani kwao walimwita Redio kwa sababu hakuwa na kitufe cha kuzima, aliinama juu ya kisima cha ngome kongwe akachungulia kati ya nondo zilizoziba mdomo wake. Giza tupu. Harufu ya damu mbichi ikampanda puani, ile inayomwachia mtu ladha ya chuma ulimini.

"Mwangwi huo," aliwaambia wageni kwa bashasha. "Hata jini wangu amependa utani."

Kwa miaka sita alikuwa akiwatembeza watu mjini kwa nusu siku, kuanzia saa tatu asubuhi hadi saa saba mchana: vituo saba, basi moja dogo, na dereva ambaye alikuwa shemeji yake, mdogo wa mumewe. Ngome ilikuwa kituo cha tatu, nacho kilikuwa kinachosha. Kuta, vumbi na kisima kikavu, basi. Wageni walikuwa wakipiga miayo hapo, ndipo Redio alipoamua kujitungia jini. Humo kisimani, alisema, anaishi jini mlevi, mwoga wa wake zake, mwenye mguu mmoja, na kazi yake ni kuiba viatu vya wageni, vya kushoto tu. Watu walivunjika mbavu. Hakuna hata siku moja utani huo ulipomwangusha.

Asubuhi hiyo wageni walikuwa tisa. Palikuwa na mwalimu mkuu mstaafu na mkewe, manesi watatu waliokuwa likizo, bwana na bibi harusi waliooana wiki iliyopita, na muuza nyama mmoja aliyekuja na mama yake. Huyo muuza nyama alikuwa pande la mtu, mabega kama mlango, lakini sauti yake ilikuwa ya kubembelezea watoto. Alikuwa amefunga bucha lake siku hiyo ili mama yake, aliyemlea peke yake kwa kufua nguo za watu, auone mji kabla miguu haijamkatalia kabisa. Tangu asubuhi alikuwa akimbebea mkoba wake, ameutundika begani bila haya yoyote.

Wageni waliporudi kwenye basi, muuza nyama alikuwa wa mwisho. Mkoba haukuwa begani tena. Nesi mmoja ndiye aliyeuokota kando ya kisima. Na mtu huyo alipopanda ngazi za basi, viatu vyake viliacha nyayo za maji.

"Umekanyaga wapi, kaka?" Redio aliuliza. "Mle ndani hamna maji."

Alikaa karibu na mama yake, akatazama mbele.

Basi liliondoka. Redio alisimama nyuma ya kiti cha dereva, amewageukia wageni, kipaza sauti mkononi, akaanza kuusimulia mnara wa saa kama alivyousimulia mara elfu. Ghafla akaona midomo ya muuza nyama inacheza. Alidhani anarudia maneno yake, kama watoto wanavyofanya. Kumbe sivyo. Midomo ile ilikuwa mbele yake. Iliyasema maneno kwanza, halafu ndipo yeye akayasema. Akajaribu kuruka sentensi moja kusudi, midomo nayo ikairuka. Akanyamaza kabisa, na midomo ikaendelea.

Mama mzee akamvuta sketi.

"Mwanangu, sogea hapa." Sauti yake ilikuwa pumzi tu. "Huyu niliyekaa naye ni nani?"

"Ni mwanao, mama."

"Siye. Mwanangu hunishika vidole viwili, tangu alipoanza kutembea. Huyu amenikaba kifundo cha mkono. Na hapumui. Namsikiliza tangu tulipoondoka pale, mwanangu. Hapumui huyu."

Redio alitazama. Mkono mnene ulikuwa umeufunga ule mkono mkavu mpaka vidole vya mzee vimegeuka rangi. Kifua cha muuza nyama kilikuwa kimetulia kama ukuta. Ile harufu ya kisimani ilikuwa imejaa basi zima, na mke wa mwalimu alikuwa ameanza kufungua dirisha huku amejiziba pua kwa kitambaa.

Redio aliinama sikioni kwa dereva. "Shemeji, ukiona kituo cha polisi, simama."

"Kuna nini?"

"Usigeuke. Endesha tu."

Ndipo bwana harusi, kijana wa maneno mengi, alipopaza sauti kutoka kiti cha nyuma: "Dada Redio! Hebu turudie ile ya jini wa mguu mmoja, mke wangu hakuisikia vizuri!"

Muuza nyama alisimama. Alipita katikati ya viti taratibu, akamwinamia kijana yule kwa upole, akamuuliza kwa sauti iliyotoka mbali, kama ya mtu anayeongea akiwa ndani ya pipa, "Nina miguu mingapi?"

"Kaka, mimi natania tu—"

"Hesabu."

Kijana hakuwahi kuhesabu, kwa maana mkono ulimshika kisogoni ukampigiza uso kwenye kioo mara ya kwanza, kioo kikapasuka, ukampigiza mara ya pili, meno yakamwagika mapajani mwa mkewe, na bibi harusi alipoyaona akapiga yowe ambalo halikuwa na mwisho, na mwalimu mkuu akainuka akapiga ukelele kwa ile sauti iliyokuwa ikinyamazisha shule nzima, "Kijana, kaa chini mara moja!", na yule mtu akaukamata mkono alionyooshewa akauvunja juu ya mgongo wa kiti kama mtu avunjavyo kuni kavu, mfupa ukachomoza kwenye shati, na dereva alipogeuka kutazama, basi likaacha njia, likapanda ukingo na kuuvaa mlingoti wa taa, mlango ukajikunja ukagoma kufunguka, manesi wakaangukiana, na shemeji, damu ikimtiririka usoni, akachomoa chuma cha jeki chini ya kiti akampiga nacho yule mtu begani, na chuma kile kilipogonga hakikutoa sauti ya nyama bali ya jiwe, na yule mtu akamvuta dereva kifuani kama anayetaka kumkumbatia, akaling'oa sikio lake kwa meno, akalitema sakafuni.

Kisha akamgeukia Redio.

Alimbana taya kwa mkono mmoja, akampandisha mpaka kichwa chake kikagonga dari. Vidole viwili viliingia kinywani, vikabana ulimi, vikaanza kuvuta. Redio alionja damu yake mwenyewe. Aliona macho ya muuza nyama kwa karibu, na ndani ya macho hayo hamkuwa na mtu.

"Nani mlevi?" sauti ilimuuliza. "Nani mwizi wa viatu? Miaka sita, mwanamke. Leo ulimi huu utabaki na mimi."

"Mwache."

Mama mzee alikuwa amesimama, amejishikilia kwenye viti kwa mikono yote miwili.

"Wewe ni nani?" alimuuliza. "Na unataka nini?"

"Nataka ulimi wake."

"Ukiuchukua, nani atawaambia watu kwamba aliyoyasema yalikuwa uongo? Aliyeharibu ni yeye, mwache atengeneze yeye. Sema yaliyo ya kweli, ayaseme mbele yetu wote."

Vidole vilitulia. Ndani ya basi hakukusikika kitu ila kwikwi za bibi harusi.

"Maji yale yalikuwa nyumba yangu kabla ya ngome," ile sauti ilisema. "Mwenye ngome alipomaliza kujenga, aliwatupa humo mafundi wake arobaini na mmoja, wazima, wasije wakataja mlango wa siri uliko. Siku tisa walilia juu yangu. Maji yakawa damu, damu ikakauka, nikabaki na mifupa. Na huyu kila asubuhi ananiletea watu waje kuchekea mifupa hiyo."

Akamwachia. Redio alianguka magoti. Aliokota kipaza sauti, akayarudia maneno yale moja baada ya jingine, damu ikimchuruzika kidevuni, na mwisho akasema kwamba jini wa viatu alimtunga yeye mwenyewe, kwamba alijua kabisa ni uongo, na kwamba anaomba radhi kwa wote arobaini na mmoja.

"Haya, umesikia," mama mzee alisema. "Sasa toka kwa mwanangu."

"Nitoke niende wapi? Nimeonja hewa. Kisimani sirudi. Na kiti hiki nimekipenda, kina nguvu."

Mama mzee alimsogelea, akaweka kiganja chake kwenye kifua kile kisichopumua.

"Mwili huu niliujenga mimi. Nilifua mpaka ngozi ya mikono ikabanduka ili ule, ukue. Kwa maziwa yangu aliyonyonya, huna haki nao. Ukitaka kiti, mimi niko hapa. Mwache huyu."

"Mama, usimwambie hivyo!" nesi mmoja alinong'ona, lakini maneno yalikuwa yameshatoka.

Muuza nyama alijikunja kama aliyepigwa teke la tumbo. Alitapika maji meusi, mengi kuliko tumbo la mtu linavyoweza kubeba, yakatiririka chini ya viti mpaka kwenye viatu vya kila mmoja, kisha akavuta pumzi ndefu yenye mlio, akalala kifudifudi. Alipofungua macho alitazama mikono yake iliyojaa damu, akaanza kulia kwa ile sauti yake laini. "Nimemuumiza nani? Jamani, nimemuumiza nani?"

Mama yake alikuwa ameshakaa kitini. Alijikohoza mara moja tu.

Polisi waliandika kwamba ni wazimu wa ghafla. Muuza nyama alilazwa hospitali ya wagonjwa wa akili kwa majuma matano, wakamruhusu walipomwona mtulivu. Kijana aliyeoa alishonwa taya. Mwalimu mkuu alibaki na mkono usiokunjuka. Shemeji aliacha udereva, akawa anavaa kofia ya kufunika masikio hata jua likiwa kali.

Redio alirudi kazini, kwa sababu hakujua kazi nyingine. Pale kisimani alisimulia habari za mafundi arobaini na mmoja, na wageni walisimama kimya, wengine wakavua kofia. Akaanza kuamini kwamba yamekwisha.

Mwezi wa tatu baada ya siku ile, asubuhi, akiwa kituoni na dereva wake mpya wakisubiri wageni, aliwaona wawili wakija. Muuza nyama alikuwa amekonda, macho yamezama. Mama yake alitangulia mbele kwa hatua ndefu, bila kushikwa mkono.

"Dada, nisaidie," muuza nyama alinong'ona alipofika. "Mama halali usingizi, wala hali chakula. Usiku kucha anataja njia za mji, na hajawahi kuzipita. Juzi nilijaribu kumfungia mlango." Alifungua kola ya shati. Shingoni kulikuwa na alama tano, nyeusi. "Bado ni mama yangu, dada. Nifanye nini?"

"Shikamoo, mama," Redio alisema.

Mama mzee hakuitikia. Alipozungumza, sauti ilitoka mbali.

"Safari yetu ilikatika njiani. Nimekuja tuimalize. Yule aliyejenga ngome, watu wa uzao wake wanakaa wapi?"

Redio aliijua nyumba hiyo. Ilikuwa kituo cha tano, jumba jeupe lenye roshani mbili. Saa kama hizi mzee mmoja hukaa getini akisoma gazeti, na kila basi linapopita huwapungia wageni mkono, na wajukuu zake wakiwa uani huja mbio kupunga naye. Waliishi humo watu kumi na moja.

"Walihama," Redio alisema. "Zamani sana. Hakuna ajuaye walikokwenda."

Mama mzee akapanda basi kwa wepesi wa msichana, akakaa kiti cha mbele kabisa, akakipigapiga kile kilichokuwa kando yake.

"Basi njoo ukae hapa," alisema, "tuwatafute pamoja."

Dereva mpya, asiyejua lolote, aliwasha gari.