Shukrani ya Mgeni kwa Nchi ya Mkewe

"Unakwenda wapi, na nchi ni yako?"

Mtunzi aliuliza bila kunyanyua macho kwenye karatasi za muziki zilizofunika meza ya kulia. Mkewe, mpiga fidla wa okestra, alimsogezea simu. Ujumbe ulitoka ng'ambo: "Nafasi ya kuongoza wapiga fidla ni yako. Tunasubiri jibu."

"Hapa nimeikosa tena," mke alisema. "Safari hii wamempa mpwa wa mwenyekiti wa okestra. Fidla anaikwaruza kama anayepara samaki."

"Vumilia, mke wangu. Nchi hii ilinipokea nina shati moja mgongoni."

"Wewe ilikupokea. Mimi ilinizaa, ikanisahau."

Mume alizipanga upya zile karatasi. Muziki ule ulikuwa shukrani yake kwa nchi iliyompa kazi, uraia na mke. Alikuwa ameutunga kwa miaka.

"Twende wote," mke akasema.

"Ugeni unaujua wewe? Mgeni kuku mweupe. Nimetazamwa vya kutosha. Sirudii!"

Tangu hapo wakawa wanalala kama wapangaji, kila mtu na ukuta wake.

Jumapili ya onyesho la muziki ule ukumbi ulifurika. Mume alisimama mbele kuongoza. Mke alikaa nyuma ya yule mpwa. Walipofika sehemu ya polepole, mke alimwona mumewe akimtazama yeye, kisha kiti cha mbele, kisha yeye tena. Aliganda hivyo mpaka fimbo ikachelewa, nusura muziki uvurugike.

Mwisho watu wakasimama, makofi hayakatiki. Mwenyekiti akamkumbatia mtunzi.

"Leo umekuwa wetu! Huendi popote!"

"Asante, mzee. Nami naomba kuaga."

Fidla nusura imponyoke mke. Akamvuta mumewe nyuma ya pazia.

"Umerukwa na akili? Muziki wote ule, halafu uondoke?"

"Mazoezi yote nilikuwa nasikiliza kazi yangu tu. Leo ndiyo nimeona walipokukalisha. Nisamehe."

"Na nchi unayoipenda?"

"Naipenda, na sifuti hata noti moja. Ila aliyekwisha kushukuru anaruhusiwa kuaga."

"Utaanza upya, mume wangu. Utatazamwa tena."

"Safari hii tutatazamwa wawili. Tena mimi nina uzoefu, nitakufundisha."

Mke alicheka, kicheko kikageuka kilio, akaficha uso kifuani mwa mumewe.