Kiingereza cha Karakana

Kwa kazi ya mbao, hakuna aliyemshinda seremala yule. Lakini msimamizi mpya wa karakana alizungumza Kiingereza tu. Akiomba patasi, seremala alimpelekea msasa. Akiomba msasa, alipelekewa nyundo. Mwishowe msimamizi alimtuma fundi mmoja aliyejua Kiingereza amwambie: asipoelewa hadi Ijumaa, atapewa ufagio.

Ufagio! Fundi mzima! Seremala aliogopa kweli. Alirudi nyumbani, akafungua kamusi yake nene, akaanza kukariri.

"Baba Watoto, umefika wapi?" mkewe aliuliza.

"Bado niko herufi ya A. Siruki neno. Nimempita 'abbot', mkuu wa watawa, sasa niko kwenye 'acrobatics', sarakasi."

"Mkuu wa watawa anapiga randa huko kwenu?"

Seremala akanuna. Jirani yao, mkutubi, alikuwa mlangoni amekuja kurudisha sufuria. Alicheka, kisha akaomba simu ya seremala.

"Shemeji, achana na alfabeti. Anza na vitu unavyoshika kila siku." Akampakulia kamusi ya picha, akafungua ukurasa wa zana za seremala. "Gusa picha, usikilize, utamke. Halafu funika maandishi kwa kidole, utaje mwenyewe. Maneno machache tu kwa siku, na uyarudie."

"Na tafsiri yake?"

"Ya nini? Patasi si unaijua? Sasa ijue kwa jina jingine."

Tangu siku hiyo, kila alipookota zana alitaja jina lake. Akikwama, aligusa picha. Wenzake walimcheka kwamba anasalimiana na nyundo. Hakuwajali.

Ijumaa msimamizi akaomba patasi. Seremala akampa patasi. Akaomba msasa, akapata msasa. Akaomba randa, nayo ikaja mbio. Msimamizi akatabasamu, akamwonyesha mbao za kabati jipya: alianze yeye. Seremala alishusha pumzi mpaka vumbi la mbao likaruka mezani.

Alipofika nyumbani, mkewe alikuwa anamngoja mlangoni.

"Enhe?"

"Nimebaki kwenye meza yangu, Mama Watoto!"

"Afadhali! Moyo ulikuwa juu juu tangu asubuhi."

Wakacheka kwa furaha. Kisha mkewe akainua upawa. "Na huu unaitwaje?"

Seremala akakuna kichwa. Mkewe akautaja kwa Kiingereza, bila kusita. Kumbe kila simu ilipoachwa mezani, yeye alikuwa kwenye ukurasa wa jikoni.

"Vuta kiti, fundi," alisema. "Leo mwalimu ni mimi."