Hakupiga Kelele

Harufu ya pasi ilianza mchana, baada ya chakula, na ofisini kwa jaji hapakuwa na pasi. Ilikuwa harufu ya nguo mbichi inayoungua taratibu. Jaji mwenyewe, mama mmoja, alinusa joho lake, akanusa mapazia, akachungulia mpaka chini ya meza kama mtu aliyeangusha sindano. Hakuona kitu. Akarudi kwenye kazi yake.

Na kazi yenyewe haikuwa ya mzaha. Fundi cherehani mmoja, msichana wa watu, alibakwa na mwajiri wake ndani ya stoo ya duka. Mahakama ya chini ilimfunga bwana yule, naye akakata rufaa. Majaji wa rufaa walikuwa watatu. Mmoja alisema kifungo kibaki. Wa pili, ambaye korido nzima ilimwita Wembe kwa jinsi alivyowachanachana mashahidi, alisema aachiwe. Kura ya mama huyu ndiyo ingeamua, na rasimu yake ilikuwa tayari: mlalamikaji hakupiga kelele ilhali wateja walikuwa nje, alikaa siku tatu bila kumwambia mtu, kwanza alisema alishikwa shingoni, baadaye begani. Sentensi zile alizipenda, tena sana.

Alipoinua kalamu aweke sahihi, kitasa cha mlango kikajifunga chenyewe.

Mkono ulimshika kutoka nyuma, mzito, wa moto, akataka kugeuka asiweze, akataka kumwita karani wake aliyekuwa pale pale nje ya mlango, aliyemsikia waziwazi akicheka na simu, lakini ulimi ulilala kinywani kama si wake, miguu ikafa ganzi, na kitu kile kikamwinamia sikioni kikapumua, pumzi ya mvuke wa pasi, kikapumua bila haraka, kikapumua kama chenye mchana kutwa wa kufanya hivyo, mpaka machozi yakamtoka bila sauti. Kisha kikamwachia, na kitasa kikafunguka.

Karani akaingia na chai. "Mheshimiwa, mbona jasho hivyo?"

"Hakuna kitu. Kichwa tu."

Angesema nini? Jaji mzima, eti kashikwa na jini mchana kweupe! Kesho yake likamjia tena, na keshokutwa pia, naye kimya. Jioni ya siku hiyo ya tatu uzalendo ukamshinda, akamwambia dada yake mkubwa aliyekuwa akiishi naye. Dada alikuwa anachambua mchele.

"Karani alikuwa wapi?" dada akauliza.

"Mlangoni."

"Na hukupiga kelele? Wewe? Juzi mende alipita bafuni, majirani wote wakatoka nje!"

"Sikuweza, dada. Sauti haikutoka."

"Tangu juzi hayo, na leo ndiyo unaniambia?"

"Niliona aibu."

"Haya. Lilikushika wapi?"

"Begani. Hapana... shingoni. Hapa."

"Shika moja basi, mdogo wangu." Dada akacheka, wala hakuwa na ubaya. "Umechoka tu. Kalale."

Jaji hakucheka. Aliogopa kuliko alivyoogopa ofisini, maana maswali yale aliyajua. Yalikuwa yake.

Asubuhi alifungua jalada, akaacha hoja za mawakili, akasoma maneno ya fundi mwenyewe. *Nilitaka kuita. Sauti haikuja. Wateja nawasikia wanacheka nje. Pasi niliiacha juu ya kitambaa, nikasikia harufu yake mpaka mwisho.*

Alisoma tena tangu mwanzo. Kuhusu nani, wapi na nini, fundi hakuyumba hata mara moja, na hakimu wa mahakama ya chini, aliyemtazama usoni alipotoa ushahidi, alimwamini. Shingo na bega! Kiganja cha mwanaume kinafika kote kuwili. Jaji alijionea haya, haya ya kweli, ya kumchoma kifuani. Harufu ikaja. Mkono ukatua. Akaifuta rasimu yake mstari baada ya mstari, na ile pumzi sikioni ikapungua, ikapungua, mpaka kitasa kikafunguka.

Siku ya hukumu fundi alikaa benchi la nyuma, mikono mapajani. Jaji alisoma kwamba ushahidi wa aliyetendewa, ukiaminika, unatosha. Kwamba tofauti ndogondogo hazikugusa kiini. Kwamba kifungo kinabaki. Fundi akajifunika uso kwa mikono yote miwili.

Ikawa zamu ya Wembe kusoma maoni yake ya kupinga. Akakohoa kidogo, akaanza: "Mlalamikaji hakupiga..."

Akanyamaza. Harufu ya nguo inayoungua ikatanda ukumbini. Mdomo wake ulibaki wazi, macho yakamtoka, watu wakaanza kunong'ona kwamba mheshimiwa kasahau alipofika, karani akamwita mara mbili asipate jibu, na mama yule aliyeketi ubavuni pake akaona kola ya joho la Wembe ikididimia polepole, alama za vidole vitano, wala nyuma ya kiti hapakuwa na mtu.

Walipotoka, mama alimfuata Wembe ofisini kwake, akamkuta ameegemea ukuta, shati limelowa.

"Umepatwa na nini, ndugu yangu?"

"Hakuna kitu," akasema bila kumtazama. "Kichwa tu."

Mama akafunga mlango, akamvutia kiti, naye akaketi mbele yake.

"Nisimulie," akamwambia. "Anza popote. Sitakukatiza."