Shikamoo Baba Mkwe

"Nataka nisikie kwa mdomo wako, Hiza. Huyo Ritha ni nani kwako?"

Husna hakusalimu wala hakukaa. Alikuwa ametoka Magoma alfajiri, akaunganisha gari Korogwe, na sasa amesimama uani kwa kina Hiza, Handeni, vumbi limemjaa mpaka kwenye ushungi.

"Mwigizaji tu. Tulitangaza naye chakula cha kuku siku moja."

"Siku moja! Soma haya maoni kwenye simu. 'Wifi Ritha tunakupenda.' 'Harusi lini?' Watu laki mbili wameshakuozesha, na wewe wiki tatu kimya!"

Tuseme kweli, watu hao ndio waliomfanya Hiza awe Hiza. Yeye alianza kwa kutangaza kuku wake wakigombea mahindi, kama anatangaza mpira redioni, ili amchekeshe Husna tu. Husna akairusha video mtandaoni. Mashabiki wakambatiza Mtangazaji wa Uani, wakawagawia kuku namba za jezi, wakamkataza kuweka muziki. Meneja mmoja alipomtaka atukane kidogo ili achangamshe, mashabiki waligoma mpaka meneja akaingia mitini. Husna aliwapenda watu wale kama ndugu zake, na ndiyo maana maneno yao yalimuuma.

"Kwa nini hukuwaambia una mtu?"

Hiza akashusha sauti. "Barua yangu ya posa iko kwa baba yako tangu mwezi uliopita. Hajajibu. Nikutaje mbele ya watu wote hao kabla mzee hajasema neno? Si ataona namlazimisha?"

Hasira zilianza kumtoka Husna, ingawa mwenyewe hakutaka.

"Ungeniambia mimi basi."

"Hapo nilikosa. Nisamehe. Shika simu yangu, niyamalize leo hii."

Akaingia laivu, Husna akiwa ameishika simu.

"Ndugu watazamaji, Ritha ni mwenzangu wa kazi tu. Mimi nimepeleka barua kwa watu, sijajibiwa. Jina la binti silitaji, kwao kuna mzee anayeheshimika. Nasubiri."

Dada mmoja wa Mwanza, Efrazia, akaandika:

"Basi tumwombee kwa adabu. Shikamoo baba mkwe, popote ulipo."

"Shikamoo baba. Kijana wetu hana tusi."

"Shikamoo mzee. Mama yangu mgonjwa, huyu ndiye anayemchekesha. Mpe mke."

Nusu saa nzima shikamoo zilimiminika, mamia kwa mamia. Husna alizisoma haraka haraka. Watu asiowajua hata kwa sura walikuwa wanamposea Hiza! Mara akaisogeza simu karibu na macho. Katikati ya maoni yale lilikuwa limetokea jina: Awadhi wa Magoma.

"Marahaba."

Likatokea tena.

"Marahaba mwanangu. Mama apone."

"Hiza," Husna alinong'ona, "baba yumo."

Mzee Awadhi, aliyeapa mbele ya familia nzima kwamba upuuzi wa kuku hautazami, alikuwa ameamkiwa na ameshindwa kunyamaza.

"Jamani, nani huyu anaitikia?" shabiki mmoja akauliza.

"Ndiye! Baba mkwe kajitokeza mwenyewe!"

Simu ya Husna ikaita mkobani.

"Shikamoo baba."

"Marahaba, na wewe! Nimeitikia mpaka kidole kimekufa ganzi. Hawa wote watoto wa nani?"

"Si uwaache tu, baba?"

"Nawaachaje, na wameniamkia?" Mzee akakohoa. "Sikiliza. Barua niliichelewesha kwa sababu nilimwona kijana wa kuchezea simu. Leo nimesoma maneno ya watu wake, sijaona tusi hata moja. Watu wenye adabu hivi hawamfuati mhuni. Na jina lako hajalitaja, nimekaa hapa nikingoja alitaje nimkatae. Mshenga wake aje Ijumaa, baada ya swala. Nimeridhia."

Simu ikakatika.

"Anasemaje?" Hiza aliuliza. Watu elfu kumi na moja walikuwa wakingoja pamoja naye.

"Mshenga wako aje Ijumaa. Baba ameridhia."

Hiza alikaa chini kwenye pumba, kanzu na yote, akalia mbele ya watu wake, wala hakuona haya.