Karakana Siku ya Maziko ya Sila

Saa nne asubuhi.

Methusela aliutandaza mpango juu ya meza ya kinyozi. Alimwaga poda, akaisawazisha kwa kiganja, akachora kwa kidole. Mstari ulikuwa barabara. Boksi lilikuwa karakana. Chumba hicho cha nyuma cha saluni ya Joshua kilinuka spiriti na nywele zilizoungua. Kule mbele pazia lilikuwa limeshushwa, na kibao mlangoni kilisema TUMEFIWA. Hawakudanganya. Walikuwa wamefiwa kweli.

"Maziko saa tisa," Methusela alisema. "Saa nane karakana nzima iko msibani. Mafundi, wanafunzi, mpaka mpishi. Tunaingia, tunapakia mashine, tunasepa Msalato, nje ya mji. Kuna jamaa ana banda kule, anapokea mzigo jioni hii hii."

"Mlinzi je?" Joshua aliuliza.

"Mlinzi ndiye anachimba kaburi."

Joshua alicheka. Gideoni, aliyekaa kwenye ndoo iliyopinduliwa, hakucheka wala hakukasirika. Alikuwa na miaka kumi na saba na ufunguo wa geti la karakana mfukoni.

Mwaka uliopita alikamatwa aking'oa vioo vya magari. Mahakama ya watoto haikumfunga. Ilimkabidhi kwa Emilia, afisa ustawi wa jamii, na Emilia akampeleka mtaa wa Kikuyu, kwenye karakana ya Mzee Jiten, ajifunze kuchomelea vyuma. Sharti lilikuwa moja tu: kosa jingine, anaingia ndani. Sila aliletwa kwa njia hiyo hiyo. Mchana wakawa wanafunzi wa Jiten, jioni wakawa vijana wa Methusela. Mshika mawili moja humponyoka, na Sila ukamponyoka uhai.

Ilikuwa Jumatatu, walipokuwa wakiiba kwenye duka la simu. Kelele zilipopigwa, kirikuu, kigari cha mizigo cha Methusela, kiliondoka Sila akiwa bado barabarani. Aliwakimbilia nyuma akipiga kelele. Methusela hakukanyaga breki. Gideoni alikuwa nyuma kwenye bodi, akamwona rafiki yake anazidi kuwa mdogo, kisha haonekani tena kwa wingi wa watu na mawe. Redio ikasema ni wananchi wenye hasira kali, kana kwamba hasira ni kazi ya mtu. Tangu siku hiyo Gideoni alikula, alilala, aliitika akiitwa. Hakulia. Hilo ndilo peke yake lililomtisha kidogo.

"Na nafasi ya Sila?" Joshua aliuliza.

"Nimeshapata. Kuna katoto ka Chang'ombe, miaka kumi na mbili. Kembamba, kanapita dirishani." Methusela alifuta mpango kwa mkono. "Dogo, uko na sisi?"

"Niko."

"Ukizingua?"

"Sizingui."

Saa nane mchana.

Mtaa ulikuwa mweupe kwa jua na vumbi. Kwaya ilisikika kwa mbali, kutoka nyumbani kwa kina Sila. Gideoni alikuwa mmoja wa vijana waliotajwa kubeba jeneza. Badala yake alipitisha mkono kwenye tundu la geti, akapapasa kufuli kwa ndani, akafungua. Kirikuu kikaingia kinyumenyume. Walishusha kofia zao za mizula mpaka shingoni, yakabaki macho tu. Methusela akasukuma mlango wa chuma wa karakana.

Ndani alikuwepo mtu.

Mzee Jiten alikuwa amekaa kwenye benchi la kazi, amevaa shati jeupe la msibani. Mbele yake ulilala msalaba wa chuma. Alikuwa akiupapasa kwa vidole, maana macho yake yalikuwa na mtoto wa jicho na herufi hakuziona tena.

"Shikamoo," Gideoni alisema.

Ilitoka yenyewe. Mikono unaweza kuifundisha wizi kwa mwezi mmoja, lakini salamu mtoto hupewa pamoja na ziwa la mama. Jambazi gani anamwamkia anayemwibia? Huyu hapa.

"Marahaba, Gideoni," mzee alijibu bila kushtuka. "Nimekungoja tangu jana. Imebaki L na A."

Hapo ndipo Gideoni alipokumbuka. Pale karakanani kazi haihami mkono: aliyeianza ndiye huimaliza. Msalaba wa Sila aliuanza yeye juzi, akachomelea S na I, akaaga kwamba atarudi. Hakurudi. Mzee hakumpa mwanafunzi mwingine. Kila mtu alikwenda msibani, yeye akabaki kumsubiri mwenye kazi.

"We dogo ni mjinga kiasi gani?" Joshua alifoka.

Methusela hakupandisha sauti. Aliokota kipande cha nondo sakafuni, akamkabidhi Gideoni. "Kakujua wewe, kwa hiyo ni wako. Tukimaliza kupakia awe amenyamaza."

Wakaanza kubeba. Grenda, majenereta, mashine mpya ambazo wanafunzi wangekabidhiwa wakihitimu. Gideoni alisimama na nondo mkononi. Aliitambua kwa unene, ile wanayotumia kwenye madirisha. Alimtazama mzee kichwani, mahali nywele zilipoanza kuisha, akangoja aone kama atahisi chochote. Hakuhisi.

"Kwaya imeanza wimbo wa kutoa mwili," Jiten alisema. "Tutachelewa."

Gideoni aliiweka nondo chini. Alivua mzula, akavaa miwani, akawasha mashine iliyokuwa benchini. Cheche ziliruka. L ilitoka imepinda kidogo, akairudia.

Methusela alirudi kuchukua mashine hiyo ya mwisho. "Zima."

"Hii inabaki."

"Unasemaje?"

"Inabaki, Metu. Sijamaliza." Kijiti cha kuchomelea kilikuwa kinawaka mkononi mwake, na kilielekea kifuani kwa Methusela.

Methusela alitabasamu, akarudi nyuma hatua kwa hatua. "Poa, mwanangu. Njagu wakija na pingu zao watahitaji mwizi. Nawaachia." Mlango wa chuma ukabamizwa. Komeo la nje likalia. Kirikuu kikanguruma, kikaondoka.

Hakikumsubiri na yeye. Gideoni aliliwaza hilo bila mshangao, akainama kwenye A.

Saa nane u nusu.

Jiten aliuokota mzula, akautia kwenye pipa la mafuta machafu. "Sikiliza. Ulikuwa hapa na mimi tangu asubuhi. Wamekuja watu wawili wamejifunika, hatuwajui. Umesikia?"

"Nimesikia."

"Basi nyamaza tu. Hiyo ndiyo kazi yako leo."

Haukupita muda komeo likavutwa. Emilia aliingia na gauni lake jeusi, nyuma yake mjomba wa Sila, wamefuata msalaba. Aliziona nafasi tupu ukutani, akamtazama Gideoni, na hofu ikampanda wazi usoni.

Mzee alimwahi. Alisema maneno yake yote, moja baada ya jingine, kama alivyoyapanga. Emilia akashusha pumzi. Alikuwa amewasimamia watoto wengi waliomrudisha mahakamani, na alimpenda huyu.

"Asante Mungu," alisema. "Walielekea wapi? Mmeona?"

"Hatujaona," Jiten alisema.

Gideoni hakutakiwa kufanya lolote. Kunyamaza alikujua, tangu Jumatatu alikuwa bingwa. Angenyamaza, angebaki huru, angebeba jeneza. Na kesho katoto ka Chang'ombe kangepandishwa kwenye kirikuu, kakaambiwa kapite dirishani.

"Msalato," alisema. "Kuna banda kule. Methusela na Joshua wa saluni."

"Umejuaje?"

Mzee Jiten alifumba macho.

"Nilikuwepo kwenye mpango, dada Emilia. Geti nimefungua mimi."

Emilia alikaa kwenye benchi. Kisha akatoa simu, akawapigia polisi.

Saa kumi jioni.

Methusela na Joshua walikamatwa mzigo ukiwa bado garini. Gideoni alipakiwa kwenye gari jingine, na Emilia akamwomba askari asimamishe makaburini. Askari alikubali, pingu zibaki.

Watu wengine walishatupa udongo wao. Walimpisha. Hilda, mama yake Sila, alikuwa ameshikwa na wanawake wawili, akawaacha, akamsogelea.

"Shikamoo, mama."

Hakuitikia. "Jumatatu ulikuwa naye?"

"Nilikuwa naye."

"Wameniambia alikuwa anapiga kelele. Alikuwa anasema nini?"

Gideoni alifungua mdomo. Kitu kilichokuwa kimelala tangu Jumatatu kikaamka.

"Alisema nisubirini, mama. Alikuwa ananiita kwa jina."

Hilda aliinama, akachota udongo, akamjazia viganja vilivyofungwa.

"Haya," alisema. "Mzike."