Aliyekana Jina Lake

Pazia lilikuwa na joto. Effie Pardy alilishtukia alipojifunika nalo usoni: lilikaa sandukuni mwaka mzima, lakini kwa ndani lilikuwa na unyevunyevu, kana kwamba mtu ametoka kulipumulia. Lilinuka mwani. Akapuuza. Ilikuwa Krismasi, na pwani yote ile ya Newfoundland watoto walikuwa wamejificha nyuso kwa mapazia na nguo za kuazima, wakipita nyumba kwa nyumba ili wenyeji wabahatishe ni nani. Akavaa koti la mvua la marehemu babu yake, akawafuata wenzake kwenye theluji.

Kwa Bi Keeping walicheza na kuongea kwa kuvuta pumzi ndani, ili sauti zisijulikane. Bi Keeping akawazunguka, akanusa, akacheka.

"Huyu hanidanganyi! Effie wa Dorcas, yule mkata samaki kiwandani. Harufu ya mamako imekutangulia mlangoni, mwanangu! Haya, nimekutaja. Funua uso."

Watoto wakaangua kicheko. Effie aliona haya mpaka masikio yakawaka moto. Sheria aliijua: ukitajwa, unafunua.

"Siye mimi," akasema. "Dorcas simjui."

Chini ya pazia, karibu kabisa na mdomo wake, pumzi isiyo yake ikanong'ona, "Kama siye wewe, basi nitakuwa mimi."

Akatoka mbio akilivuta lile pazia, nalo halitoki, limeganda mashavuni kama ngozi, mwani umemjaa puani, na aibu inamkaba kuliko hofu, maana njia nzima alisikia maneno yake yakirudiwa sikioni kwa sauti yake mwenyewe, Dorcas simjui, Dorcas simjui, mpaka akaufikia mlango wa kwao na kuupiga ngumi.

Dorcas akafungua. Nyuma yake, mezani, kati ya majirani waliokuja kula keki, alikaa Effie mwingine, uso wazi, akitabasamu.

"Mama, ni mimi! Effie wako!"

Dorcas akasita. Akamtazama huyu, akamtazama yule. Yule wa mezani akainuka, akaishika mikono ya Dorcas yenye makovu ya kisu, akaibusu mbele ya watu wote.

Machozi yakamlengalenga Dorcas.

"Wangu ni huyu," akasema taratibu. "Huyu hanionei haya."

Akamkatia mgeni wa mlangoni kipande cha keki, akamtilia mkononi.

"Shika, mtoto wa watu. Nenda kwenu, mamako anakungoja."

Akafunga mlango.