Zéphirin Alirudi Akiwa Kijana

— Naomie, mutu akibisha mulango, usifungue!

Ilikuwa simu ya Israël, mume wake.

— Mutu gani?

— Usiniulize. Niko njiani na pikipiki. Usifungue tu!

Lakini Naomie alikuwa barazani, nyumbani kwao Mikelenge, mjini Kindu, akitwanga sombe, majani ya muhogo, na mtu mwenyewe alikuwa amekwisha kusimama mbele yake. Kijana mwembamba, rika moja na Falone, binti yake mkubwa. Shati lake lilikuwa la mtindo uliopitwa zamani.

— Jambo mama. Ninamutafuta Naomie, binti ya Papa Jérôme. Wameniambia ni hapa.

Mchi ukamponyoka.

— Zéphirin?

Kijana akamtazama nywele zenye mvi, akamtazama mikono, akachanganyikiwa.

— Mama, wewe njo mama yake mukubwa?

— Mimi njo Naomie.

Wakati wa vita, watu wa Kindu walikuwa wanaficha vijana wao ndani ya saa. Mzee Youssouf, fundi wa saa, alikuwa na uwezo huo. Alikuwa anakuketisha chini ya saa ya ukutani, anasema maneno yake, kisha anaisimamisha. Saa ikisimama, na wewe unasimama. Huzeeki, njaa haikupati, na askari akiingia hakuoni. Lakini kulikuwa na mwiko mmoja: aliyekupeleka ndiye peke yake angeweza kuomba ufunguliwe.

Zéphirin alikuwa mchumba wa Naomie. Mahari ilikwisha kutolewa. Askari walipoanza kukamata vijana, rafiki yake Israël alimpeleka kwa siri kwa Mzee Youssouf. Kisha Israël akarudi akilia: Zéphirin amepigwa risasi kwenye njia ya Kailo, maiti imetupwa mto Lualaba. Naomie akanyoa kichwa. Amani iliporudi, akaolewa na yule aliyemfuta machozi.

Miaka ikapita. Kumbe waliosahauliwa ndani ya saa walikuwa wengi, mpaka serikali ikatoa Sheria ya Saa: kila fundi afungue kila mtu aliye naye, aliyempeleka akubali au akatae. Na mtu aliyefichwa kwa hila apewe haki ya kudai aliyemficha afungwe naye ndani ya saa miaka ile ile.

— Waliniambia ulikufa, Naomie akasema.

— Nani alikuambia?

Pikipiki ikaingia uani. Israël akashuka, kitambi mbele, jasho usoni.

— Israël! Zéphirin akafungua mikono. Ndugu yangu, na wewe umezeeka?

Israël akarudi nyuma.

— Naomie, ingia ndani. Nitakueleza.

— Eleza hapa, mbele yake.

— Nilikupenda kabla yake. Yeye njo alisema wa kwanza, basi.

— Vita iliisha. Ju ya nini hukumufungua?

— Ulikuwa na mimba ya Falone...

— Na kabla ya mimba? Ulinishika mukono kwenye matanga ya mutu mwenye hakufa, Israël! Ulikula chakula ya kilio yangu!

Zéphirin alikaa chini, mgongo kwenye ukuta, kama mtu aliyepigwa.

Kesi ya Israël ikafika mahakamani. Asubuhi ya hukumu, simu ya Naomie ikalia. Ulikuwa ujumbe wa Falone: "Mama, baba alikosa sana. Lakini usiache wamufunge. Ni yeye tu baba niko naye."

Naomie akausoma, akaizima simu.

Tribunali ilijaa hadi madirishani. Juji akamgeukia Zéphirin.

— Sheria inakupa haki. Unaomba huyu bwana afungwe?

— Mheshimiwa juji, mule ndani mimi sikuona kitu. Nilifunga macho, nikafungua. Mwenye kuibiwa miaka njo huyu mama. Muulizeni yeye.

— Sheria haimujui yeye. Inajua tu mutu mwenye saa yake ilisimamishwa.

— Basi sheria haikujua mwizi aliiba nini. Mimi siombi. Mukimufunga, atalala tu, bila kuumia. Abaki nje. Azeeke na macho wazi.

Israël akatoka akipumua kama mtu aliyeokolewa kwenye maji.

— Twende nyumbani, mama Falone.

— Nyumbani kwa nani?

— Tuko na batoto. Siku hata moja nilikupiga? Nilikulaza na njaa?

— Hapana. Njo ile inaniuma. Kila asubuhi nilikuwa ninamushukuru Mungu ju yako.

Akamwacha pale, Israël amesimama katikati ya watu. Zéphirin akamfuata mpaka barabarani.

— Naomie, mahari yangu nilikwisha kutoa. Kwangu ni kama juzi. Bado ninakutaka.

— Niangalie, basi.

Akamwangalia. Alijitahidi. Lakini macho yakateleza, yakaenda chini.

— Mbele ya juji uliniita mama.

— Nilikosa.

— Hukukosa. Kwenda kijijini kwenu Tunda, kwa wadogo zako, hata kama sasa wao njo wakubwa. Oa binti wa rika yako. Na ukizaa mutoto muke, usimupe jina yangu.

Zéphirin alilia pale pale, machozi ya kijana, bila kujificha. Naomie alitaka kumpangusa, akaona watu wanatazama, mkono ukabaki hewani. Akaushusha.

Siku ile ile akavuka mto, akapanga chumba Alunguli. Mwaka uliofuata akasikia Zéphirin ameoa Tunda; akatuma kitenge kwa bibi-arusi, bila kusema kimetoka kwa nani.

Israël naye hakuchoka kuandika. Siku moja akatuma: "Naomie, ninagonjwa. Sina mutu. Kuja."

Naomie akaenda sokoni, akanunua dawa na machungwa, akampa Falone apeleke.

— Mama, wewe hauendi?

— Mupe maji kwanza, akasema. Zile dawa ni kali.